Rufaa Iliyorukwa

Halmashauri ilipoamuru karakana yake ifungwe kwa sababu ya kelele, fundi wa kuchomelea vyuma alikataa kukata rufaa kwenye bodi ya halmashauri hiyohiyo.

"Kesi ya nyani nimpelekee ngedere?" alimwambia mkewe.

Mkewe alimsihi ajaribu tu, maana kukataliwa si kufa. Fundi alishikilia lake, akaenda moja kwa moja mahakamani.

Siku ya hukumu jaji alisema wazi kwamba fundi hakusikilizwa kabla ya amri kutolewa, na hilo halikuwa sawa. Fundi akamshika mkewe mkono. Kisha jaji akaendelea kusema kwamba sheria ilimpa njia ya rufaa, naye akairuka bila sababu ya kutosha, kwa hiyo mahakama haingeweza kumsaidia. Muda wa rufaa nao ulikuwa umeshapita.

Nje, fundi aliketi ngazini.

"Haya, sema kwamba uliniambia."

"Nikisema, karakana itafunguliwa?" mkewe alimjibu, akaketi kando yake.

Jioni waliibeba mashine ya kuchomelea, wakaisukumiza chumbani mwao kati ya kitanda na ukuta. Haikubaki nafasi ya kufungulia dirisha.