Jua la Saa Tatu Asubuhi

Mwongozaji alinipa siku tatu. "Nikiona unafaa, utamaliza nasi filamu. Usipofaa, tutapeana mikono," alisema, na huo ndio ulikuwa mkataba wangu wa kwanza wa kuwa mpiga picha mkuu. Mafundi wa taa, watu wazima wenye watoto wa rika langu, walinibatiza Chipukizi. Wakila, walikaa duara lao. Mimi nikala na kamera. Siwalaumu. Mimi mwepesi wa hasira, na nikiwa na hofu huamrisha kama askari, na siku mbili za mwanzo nilikuwa na hofu tangu kuamka mpaka kulala.

Siku ya tatu tulikuwa na tukio moja tu: mwanamume ameketi sebuleni kwake, saa tatu asubuhi, anasoma barua. Nyumba tuliikodi kwa bibi mmoja mjane. Tatizo ni kwamba ubavuni pake pameota jengo la ghorofa saba, na dirisha la sebule sasa linatazama ukuta. Nikasimamisha taa kubwa uchochoroni, nikaifunika karatasi ya rangi ya chungwa, nikaielekeza dirishani. Jua likaingia, likapita kwenye pazia, likalala juu ya zulia.

Bibi alikuwa mlangoni na ufagio.

"Mgeni njoo, mwenyeji apone!" alisema. "Mjukuu wangu, tangu wajenge hilo dude, jua nalisikia kwa majirani tu."

Nilicheka, kwa mara ya kwanza wiki ile.

Mchana, wenzangu walipokwenda kula, nilitakiwa nizime taa ipumzike. Lakini nilimkuta Bibi ukingoni mwa lile jua, kaunyoosha mkono kama anayepima maji ya kuoga. "Kaa, Bibi," nikamwambia. Akaketi kwenye kiti cha mwigizaji. Aliniuliza kama nimekula, nalala wapi, nani ananipikia. Nikamjibu yote, hata ambayo hakuuliza. Nikamwambia mama yangu anadhani napiga picha za harusi, na sina mtu wa kumweleza kazi yangu.

"Nieleze mimi," alisema. "Mimi nina safari gani?"

Nikamweleza. Tangu nianze kazi ile sikuwahi kupata nusu saa tamu kama hiyo.

Tuliporudi kazini tulirudia tukio mara sita, ndipo dada anayelinganisha picha akapiga kelele. Miguu ya kiti haikuwa juu ya alama za tepu tulizobandika asubuhi kuonyesha mahali pake. Kilikuwa kimesogea shubiri mbili kuelekea dirishani, na picha za mchana zisingeungana na za asubuhi. Kazi yote ilikuwa bure.

"Nani kagusa kiti?" mwongozaji aliuliza. "Na nani aliacha taa inawaka?"

Wote wakanitazama. Kosa lilikuwa langu. Nilimkaribisha mwenyewe, na kiti kilikuwa mbele ya kamera yangu nisiangalie alama hata moja.

"Mwenye nyumba," nikasema. "Nilimkataza, hasikii."

Sikuthubutu hata kulitumia neno "Bibi". Mwongozaji akaenda jikoni. Nilisikia sauti yake, kisha ya Bibi, ndogo, kisha mlango ukafungwa. Nikajikausha, nikawa nasafisha lenzi iliyokwisha kuwa safi.

Mwongozaji alirudi anacheka. "Kakiri yote. Kasema wewe uliizima taa, yeye ndiye aliyeiwasha tena. Ajuza wa watu ana vituko!" Akanipiga bega. "Haya, Chipukizi, huna kosa. Utamaliza nasi. Yeye tumemwambia asitoke jikoni mpaka tuondoke."

Swichi iko mgongoni mwa taa, kule uchochoroni, na kuifikia lazima upande ngazi; Bibi kizingiti tu hukivuka kwa kushika ukuta. Fundi mmoja wa taa alilijua hilo. Alinitazama mara moja, kisha akaangalia kwingine. Nilitaka kusema. Kazi niliitaka zaidi.

"Asante," nikamwambia mwongozaji, nikatoka, nikapanda ngazi kurekebisha taa. Kutoka juu kule, dirisha la jikoni lilikuwa chini yangu. Bibi alikuwa ameketi juu ya ndoo iliyopinduliwa, mikono mapajani, ndani mna giza. Bila shaka alinisikia, lakini hakuinua uso.

Nikaligeuza jua likaangukia kile kiti sebuleni, tukaendelea.