Mheshimiwa Aita Majina

Watu wa soko la Warwick, Durban, walimcheka sana Doris Nshimirimana alipoingia bunge la jimbo. Si kwa ubaya. Mtu amefundisha darasa la nne mtaa wa Cato Manor miaka kumi na minane, amepata uraia, chama kimemweka kwenye orodha, ameapa mbele ya kamera, halafu Jumamosi bado yuko nyuma ya meza ya Gloriose, muuza nyanya, anafundisha watoto wanne wa Warundi kugawanya! Mheshimiwa gani huyo, mwenye chaki kwenye nywele?

Lakini watoto wale wanne hawakuwa na mwalimu mwingine. Karatasi za ukimbizi za wazazi wao zilikuwa zimekwisha muda, na kila shule waliyokwenda iliwarudisha mlangoni. Doris aliuliza swali lake la kwanza bungeni, kwa maandishi. Jibu likaja na muhuri wa idara ya elimu: hakuna mtoto aliyekataliwa. Alikasirika hadi chai ikampoa mkononi.

"Mwalimu, Ijumaa wanafunga kuandikisha," Gloriose alimwambia. "Kaneza, mtoto yangu, iko na miaka kumi. Akikosa tena, eish, c'est fini. Atauza nyanya na mimi mpaka azeeke."

"Kesho kutwa kamati ya elimu ya bunge inakaa hapa hapa Durban. Nileteeni watoto, mama. Asiyekuwapo na lake halipo."

Siku ya kikao Doris aliwapanga kwenye viti vya wageni, akawaonya wasifungue kinywa, maana wageni wakipiga kelele hutolewa nje. Alitaka tu majina yao yaingie kwenye kumbukumbu za kikao. Ofisa wa elimu alipomaliza kusoma tena lile jibu lake, Doris alisimama, akafungua daftari.

"Zénon."

Mazoea yana taabu. Alilisoma kwa sauti ileile ya Jumamosi, kichwa chini, kalamu tayari kutia alama.

"Nipo, Mwalimu!"

Kabla hajalitambua kosa lake, alikwishawaita Ghislaine na Innocent, nao wakaitika kwa nguvu kama walivyofundishwa. Mwenyekiti, mama mmoja mkali aitwaye Cathy, akagonga meza.

"Mheshimiwa, sauti moja tu tena, na ninawatoa wote!"

Doris alilitazama daftari. Miezi yote ya kuhangaika, naye alikuwa karibu kuiharibu kwa mdomo wake mwenyewe. Lilibaki jina moja. Angeweza kuliacha. Akalisoma polepole.

"Kaneza."

Mtoto alikuwa ameziba mdomo kwa mikono miwili, lakini alikuwa amesimama wima, kama wanavyosimama darasani wakiitwa. Ukumbi mzima uligeuka kumtazama.

"Mwambieni mtoto akae," Cathy alisema, na ukali ulikuwa umempungua.

Kaneza hakukaa. Alimwangalia mwalimu wake. Doris naye akamgeukia ofisa.

"Akae wapi, bwana? Nitajie shule."

Ofisa aliitazama karatasi yake, akamtazama mtoto, akaikunja karatasi.

"Jumatatu wanaanza," alisema. "Wote wanne. Kuna nafasi shule ya Overport, nitawapeleka mwenyewe."

"Iandikwe," Cathy alimwambia karani.

Furaha ilimjaa Doris machoni, hata mistari ya daftari hakuiona vizuri. Akatia alama mbele ya jina la mwisho.

"Kaa, mwanangu," alisema.

Kaneza akakaa.