Jina la Shule
Kitwana alifika Mkuza, Kibaha, saa nne asubuhi, kiroba cha mihogo begani, akitegemea kuambiwa mwanawe yuko shuleni. Kisarawe nzima alishaitangazia: Mwanamvua anasoma Kibaha, kwa Mama Blessing, mfanyakazi wa ofisini. Mama huyo ndiye aliyemchukua mwaka juzi, alipopita kununua mkaa, akaahidi kwamba mtoto atamsaidia kazi ndogondogo na shule atapelekwa.

Aliyefungua geti la Mama Blessing ni Mwanamvua mwenyewe. Miaka kumi na mitatu, mtoto wa mwenye nyumba mgongoni, mikono imejaa povu hadi viwikoni.

"Shikamoo, baba."

"Marahaba. Leo hakuna shule?"

"Tumefunga," akajibu upesi, macho chini.

Papo hapo kengele ikalia shule ya jirani, na kelele za watoto wanaotoka kwenda mapumziko zikavuka ukuta. Wote wawili walizisikia. Mwanamvua akarudi kwenye beseni, akaendelea kufikicha nguo.

"Mbona kwenye simu uliniambia uko darasa la saba?"

"Mama Blessing alikuwa amekaa pembeni." Akakamua nguo. "Lakini baba, si ulijua? Hujawahi kuniuliza hata jina la shule."

Kitwana alitaka kufoka, akajizuia. Alijua. Tangu siku ile alipomwona akipanda gari bila daftari hata moja, moyo ulimwambia, naye akaunyamazisha, maana nyumbani walibaki wadogo watatu na mvua ilikuwa imegoma. Akaketi kwenye ngazi, akavua kofia, akajifunika nayo uso.

Mama Blessing aliporudi kutoka kazini jioni alimkuta hapohapo. Akaanza kueleza: nafasi zilijaa, karatasi za uhamisho hazikuletwa. Kitwana hakumtazama. Angemlaumu vipi peke yake?

"Nimekuja kumchukua mwanangu," akasema tu.

Jumatatu akampeleka shule ya kijijini kwao. Ofisini kulikuwa na wazazi wengine, wote majirani. Mwalimu Atupele akauliza mtoto alikuwa wapi miaka miwili yote.

"Nilikuwa naumwa," Mwanamvua akawahi kusema.

"Hakuumwa," Kitwana akasema. Jasho lilimtiririka shingoni. "Nilimtoa akafanye kazi za ndani. Ni mimi."

Mwanamvua akapangiwa darasa la tano, na watoto waliomfika kifuani, akaenda bila kugeuka nyuma.