Maiti Hapokei Ng'ombe

Jumatatu, siku tano kabla ya wageni wa mahari kufika kwangu mtaa wa Section 58, shemeji yangu Makhanu alipiga simu kutoka Mai Mahiu akasema hatakuja. Nilimuuliza kama lori limeharibika. Akasema lori liko sawa, ni yeye hayupo.

"Uliniua, shemeji," akasema. "Maiti hapokei ng'ombe."

Akakata. Nilipompigia tena simu ilikuwa imezimwa.

Nieleze, maana si kila mtu ananijua, ingawa hapa Nakuru kuna watu wananisimamisha hata nikiwa kwenye foleni ya choo. Mimi ni Nyongesa. Naandika vitabu vya risasi na kukimbizana. Niliacha shule darasa la saba, nikabeba magunia ya unga miaka kumi na mmoja, na kitabu cha kwanza nilikiandika wakati wa chakula cha mchana nikiwa nimekalia magunia hayo hayo. Sasa viko tisa. Vinauzwa madukani, vinauzwa kando ya barabara, na vinapitishwa bure kwenye simu na watu wasioona haya kuniandikia kwamba ukurasa wa mia mbili haukupigwa picha vizuri, niwatumie mwingine. Walimu wa vyuo huniita kwenye makongamano wakaniuliza dhamira yangu ni nini. Dhamira yangu ni msomaji asiweke kitabu chini. Wanaliandika jibu hilo kama ni fumbo.

Shujaa wa vitabu vyote tisa ni dereva wa lori anayepambana na wauza silaha kutoka Malaba hadi Mombasa, na jina lake ni Makhanu. Sikulitafuta mbali. Nilipoanza, ndugu wa mke wangu ndiye dereva pekee niliyemjua, nikachukua jina lake, kovu lake la kidevuni na tabia yake ya kupiga mluzi akiteremka mlima. Hakulalamika. Miaka kumi na minne amekunywa chai ya bure Mai Mahiu nzima kwa sababu yangu. Madereva wenzake wanamwita Kamanda.

Kwenye kitabu cha tisa nilimuua. Nilikuwa nimemchoka. Nilimchoma ndani ya lori la mafuta kwenye mteremko, mlango umekwama, na nikahakikisha amekufa, kwa sababu katika kazi hii nina sheria moja: aliyekufa kwangu amekufa. Kuna waandishi ambao kwao mtu anatupwa mtoni sura ya kumi, na sura ya kumi na mbili yuko hotelini anaagiza samaki. Mimi sirudishi mtu. Msomaji wangu anaogopa kwa sababu anajua hilo. Hiyo ndiyo siri yote ya kuuza vitabu, kama wale walimu wanaitaka.

Sasa, kwetu Wabukusu msichana haolewi bila mjomba. Ndugu wa mama yake ana ng'ombe wake katika mahari, na anampokea mwenyewe, akiwa ameketi. Kiti chake kikiwa kitupu, wazee hawafungui mdomo. Milcah, mke wangu, ana ndugu mmoja tu wa kiume. Na familia ya Kiplimo, kijana anayemwoa binti yetu Trizah, ilikuwa imeahirisha safari yao kutoka Kuresoi mara mbili, mara ya kwanza kwa ugonjwa wao, ya pili kwa ugonjwa wetu. Baba yake alikuwa ametuma neno kwamba hakutakuwa na mara ya nne.

Trizah alinisikiliza mpaka mwisho, akaniambia yule ni mtu wa karatasi tu, nimfufue tumalize. Nikamweleza kuhusu sheria yangu.

"Kwa hivyo mimi nisiolewe, baba, ili kitabu kiwe kizuri?"

Nilimpigia Muiruri, mhariri wangu aliyeko Nairobi, nikitumaini kwamba mtu mmoja katika nchi hii atakuwa na akili. Alicheka mpaka akakohoa. Kisha akauliza kama anaweza kuitumia hiyo habari kwenye tangazo.

Jumanne nikaenda Mai Mahiu. Nilimkuta Makhanu kwenye kibanda cha chai mahali malori yanapoegeshwa, marehemu akiwa na chapati tatu mbele yake. Madereva waliponiona walianza. Mmoja alisimama akavua kofia. Mwingine akamwambia mwenye kibanda asimwongezee maharagwe, kwani mizimu huwa haishibi. Makhanu alitabasamu kidogo, akanivuta tukasimama nyuma ya lori lake.

Akaniambia hayo ya madereva anayaweza. Shida ni mama. Jirani yao wa kanisani, Joyline, alikuwa akimsomea kitabu kila jioni baada ya maombi, kama alivyomsomea vile vingine vinane, na walipofika pale pa moto mama alimwambia afunge. Kesho yake alinyoa nywele, kama aliyefiwa. Tangu siku hiyo, miezi miwili sasa, Makhanu akienda nyumbani Sachangwan anapewa chakula nje. Hakanyagi mlango wa mama yake. Mama amesema mtu aliyeliliwa haingii ndani mpaka aliyetangaza kifo arudishe neno lake. Na kama haingii kwa mama yake, ataketije kwangu kupokea ng'ombe?

Nilipandisha sauti. Nilimwambia mama anamwona kwa macho yake, anamwekea ugali, anamsikia akitafuna. Kifo gani hicho?

"Shemeji," akasema, "ile sweta uliitoa wapi?"

Nilijua nilikoitoa.

Mwaka wa 2009, lori la mafuta lilipoungua Sachangwan na watu wengi kufa, Makhanu alikuwa utingo, na lori lao lilitarajiwa kupita hapo siku hiyo. Simu yake haikupatikana. Alikuwa amekwama mbali, gia zimevunjika, hana habari. Mama yake alitembea barabarani siku mbili akiwa na sweta yake ya kijani mkononi, akiwaonyesha watu, akiuliza kama kuna aliyemwona mwenye hii. Nilikuwa naye siku ya pili, nikitembea nyuma yake hatua ishirini kwa sababu ya heshima, na sikumwambia neno.

Kwenye ukurasa wa mwisho wa kitabu cha tisa kuna mama kando ya barabara ana sweta ya kijani mkononi. Ndio ukurasa uliosifiwa kuliko yote niliyoandika. Gazeti moja lilisema nina ubunifu wa ajabu.

Jumatano niliandika ufufuo. Niliuandika nikitukana. Makhanu alipiga kioo teke, akarukia kichakani, akapoteza fahamu, akaokotwa na wachunga mbuzi. Takataka tupu. Kama kijana angeniletea kurasa hizo ningemwambia akalime vitunguu.

Alhamisi nikaenda Sachangwan na Milcah, kuku wawili kwenye kikapu na kurasa nne kwenye bahasha. Kwetu mkwe na mama mkwe hawaketi chumba kimoja, hawapeani mkono, hawaangaliani usoni. Kwa hiyo niliwekewa kigoda nje, nyuma ya jikoni, mgongo wangu ukiwa kwenye ukuta wa mbao. Yeye alikuwa ndani, upande wa pili wa mbao hizo, labda futi mbili kutoka kwangu. Milcah alisimama mlangoni kupitisha maneno, ingawa tulisikiana vizuri kabisa.

Nilisoma kurasa zote nne kwa sauti, nikitazama kabichi zake.

"Muulize mkwe," sauti ikasema ndani, "si aliandika mlango umekwama?"

"Anauliza si uliandika mlango umekwama," Milcah akasema.

Nikasema ametoka kwa dirisha.

"Mwambie dirisha lilikuwa na chuma. Kitabu cha sita. Aliliwekea chuma mwenyewe baada ya wezi wa Salgaa."

Lilikuwa na chuma. Nilikuwa nimesahau. Miaka kumi na minne nimelipiwa mhariri wa Nairobi, na hakuna siku aliyoniambia kitu cha maana kama hicho. Nikasema chuma kiliyeyuka. Akauliza kama chuma kiliyeyuka, mtu je. Nikasema basi nitaandika upya, nitatafuta njia nyingine ya kumtoa.

"Mwambie kaburi likishachimbwa halifukiwi tupu," sauti ikasema. Haikuwa na hasira. Ilikuwa sauti ya mtu anayechambua mboga. "Amechimba moja. Mtoto wangu simpi. Ameniombea ruhusa kutumia jina lake? Ameniombea ruhusa kutumia sweta? Sasa aweke jina ambalo ni lake."

Milcah hakulipitisha neno hilo. Hakukuwa na haja.

Ilikuwa wazi, na lililoniudhi zaidi ni kwamba ilifaa. Makhanu ashuke juu ya mteremko kutafuta maji ya injini, mwenzake ashike usukani, lori liende. Aliyekufa abaki amekufa. Sheria yangu haivunjiki, ni jina tu linalobadilika, na sura ya kwanza ya kitabu cha kumi inaeleza kwamba polisi walikosea maiti. Nilitoa kalamu. Nikaandika nikiwa nimekalia kigoda, karatasi kwenye goti. Niliandika habari ya maji, niliandika mwenzake akipanda, na nilipofika mahali pa jina nikasimama.

Nimeua watu mia na kitu katika vitabu hivi. Nimewaua kwa bunduki, kwa sumu, mmoja kwa trekta. Kwa siku tatu nilikuwa nimewaita watu wajinga kwa kuogopa wino. Sasa kalamu ilikuwa juu ya karatasi na mkono haukushuka. Nikauliza kama naweza kupewa muda kidogo. Nikasema labda Nyongesa ni jina la watu wengi mno, litachanganya wasomaji.

"Mwambie namsubiri," sauti ikasema. "Mimi nilisubiri siku mbili."

Nikaandika. Nyongesa. Kisha nikasoma sura yote kutoka juu, maji, usukani, mteremko, moto, na nikafika mwisho, kwenye yule mwanamke wa kitabu cha tisa kando ya barabara, niliyemnakili bila kufikiri, na nikagundua nikiwa katikati ya sentensi kwamba mwanamke huyo hawezi tena kuwa mama wa Makhanu. Nyongesa hana mama, wangu alikufa zamani. Nyongesa ana mke. Ningeweza kuruka. Sauti ya ndani ikasema, taratibu, bila kupitia kwa mtu, "Soma."

Nikasoma kwamba Milcah alisimama barabarani siku mbili ana sweta mkononi.

Nilipoinua macho mlango ulikuwa mtupu. Milcah alikuwa ameondoka, anatembea kuelekea barabara kuu, mikono ameifunga kifuani. Nilimwita. Hakugeuka. Ndani, mama mkwe alikuwa tayari anampigia Makhanu simu, anamwambia akipita leo aje, na aingie, ugali uko ndani.

Nililetewa kuku na Joyline, mguu na firigisi, heshima yote. Nilikula peke yangu nikitazama kabichi.

Jumamosi Makhanu alikuja amevaa suti. Aliketi kwenye kiti chake, akabishana na wazee wa Kiplimo kuhusu umri wa ng'ombe wake kwa saa nzima, akaomba waongeze blanketi, akapewa. Wazee walicheka. Trizah alipita na soda akanibonyeza bega. Arusi ni Agosti.

Sura nimeipeleka Nairobi. Muiruri amepiga simu mara tatu kusema hakuna msomaji atakayeikubali, na nimemwambia abadilishe nukta moja aone. Milcah hajaisoma. Tangu Alhamisi ile ameongea nami mambo ya arusi tu, na juzi, akiwa anakunja nguo, alisema sanduku la vitabu hivyo likija lisifunguliwe katika nyumba yake.

Nilianza kumwambia ni karatasi tu, Mama Trizah. Alisimama na shati langu mkononi akingoja nimalize. Sikumaliza. Nikamwambia litakaa kwa Makhanu.