Kabla Nyuzi Hazijakazwa

Dada yangu aliponiambia anaolewa na mpiga gitaa yule, nilimwambia heri angeolewa na feni, maana feni ukiizima inatulia. Alicheka, akaolewa. Mimi nikaishia kumpigia shemeji yangu gitaa la besi, kwa hiyo sijui nani kati yetu alistahili kuchekwa.

Tulimwita Hatulii. Bendi alizoziunda na kuzivunja sizihesabu tena. Wimbo ukizoeleka tu, anauchoka, analegeza nyuzi mbili nene za gitaa lake na kuanza kutafuta sauti nyingine. Sauti ya juu alinipa mimi kwenye besi, yeye akashuka kule chini nilikokuwa, na jazi tuliyoijua ikageuka miguu juu kichwa chini. Vijana wakaiga. Ukifungua redio unausikia mtindo wake mikononi mwa watu wengine, nao wanasifiwa. Yeye mwenyewe hakuwa na rekodi hata moja, kwa sababu kila tulipoingia studio alimalizia kwa neno lilelile: "Futa." Hilo lilinikera kuliko yote. Mtu analima, wenzake wanavuna, na bado anawafungulia mlango.

Safari hii alikuwa ametunga kitu kirefu, kizuri kuliko vyote. Asubuhi ya kurekodi dada alimsimamisha mlangoni.

"Baba watoto, ukirudi mikono mitupu tena, siku ukifa utabaki uvumi tu."

Aliumia. Nilimwona akifunga vifungo vya shati, akivifungua, akivifunga tena.

Utunzi wake hauandikwi. Kila mmoja alifundishwa sehemu yake kwa mluzi, peke yake: mpiga dramu jikoni, mpiga saksafoni kwenye ngazi, mimi kwenye korido huku watoto wakinipita miguuni. Alitukataza kusikilizana. Alisema tukiuzoea tutauua. Kwa hiyo wimbo mzima tulikuwa tunakwenda kukutana nao studio, kama wageni.

Studio yenyewe ilikuwa chumba kidogo chenye mazulia ukutani, na fundi mitambo nyuma ya kioo. Hatulii alitaka mashine ya zamani ya utepe, ambayo kikifutwa kitu hakirudi. Fundi akawasha. Hatulii alikuwa bado ameinama, anakaza nyuzi. Alivuta uzi mnene, ukapanda, ukashuka, ukapanda tena kidogo.

Mpiga dramu, ambaye hakuwahi kuusikia mwanzo wa wimbo, akadhani ndio huo. Akaingia polepole, akizipapasa ngoma kwa brashi. Saksafoni ikamfuata, nami nikaingia. Hatulii akainua uso, mdomo wazi, lakini vidole havikuacha. Uzi ulikuwa unatafuta mahali pake, na sisi tunautafuta pamoja nao, mpaka wimbo mzima ukapita humo. Nilijikuta nalia huku nacheka.

Tulipomaliza Hatulii akakigeukia kioo.

"Futa," akasema.

"Shemeji, una akili kweli?"

"Nilikuwa nakaza nyuzi, jamani! Hamna masikio? Niwape watu gitaa ambalo halijakaa sawa?"

"Ndiyo! Hilohilo wape!" Nikakigonga kioo. "Kaka, usifute!"

Fundi akamtazama mwenye wimbo.

"Futa. Tunaanza upya."

Tukaanza upya, juu ya utepe uleule. Kila sauti ilikaa mahali pake, na wimbo ulikuwa umekufa. Tukarudia, tukarudia. Mwishowe Hatulii akalegeza nyuzi kwa makusudi, akajifanya anazikaza, nasi tukajifanya hatujui. Tulitia aibu. Akaliweka gitaa chini, akaenda kwenye kioo.

"Ile ya kwanza," akasema kwa sauti ndogo. "Hebu niisikie."

"Si ulisema nifute, kaka?"

"Hata kipande hakijabaki?"

"Hakijabaki."

"Maji yakimwagika hayazoleki," mpiga dramu akanong'ona, nikamkata jicho. Nilikuwa na hasira za kutosha kumpiga mtu, halafu nikamwona Hatulii ameegemeza paji la uso kwenye kioo, nikamhurumia. Nyumbani dada alifungua mlango, akamtazama, akampokea gitaa.

Siku hizi tuna jina. Kila onyesho Hatulii analianza kwa kukaza nyuzi mbele ya watu, sisi tunamsubiri, na magazeti yanasema huo ni ubunifu wa aina yake. Hafuti kitu tena. Rekodi zimejaa kabati zima, naye hasikilizi hata moja.

Juzi, watu wakiwa bado wanapiga makofi, alinifuata nyuma ya pazia nikikunja nyaya. Jasho lilikuwa linamtiririka, macho yanaruka huku na huku.

"Shemeji, leo je? Tulikaribia?"

Hatukufika hata mtaa wa jirani na ile ya kwanza.

"Tulikaribia sana, shemeji," nikamwambia, nikaendelea kukunja waya.