Pale Tunapoguna

Watoto wa shule ya Jumapili nawafundisha nyimbo kwa miraba. Njia hiyo niliitoa kwenye magazeti. Miaka ile biashara huria iliporuhusiwa nchini, magazeti ya kila aina yakaanza kufika Tukuyu, na Methusela, mwenye duka hapa kwetu Kawetele, akawa ananunua ya zamani kwa ajili ya kufungia sukari na chumvi. Kabla ya kuyachana alikuwa anatafuta ukurasa wenye chemshabongo. Mimi nimeishia darasa la nne, lakini ile miraba tulikuwa tunaijaza pamoja, yeye ndani ya kaunta na mimi nje.

"Mama Tulinagwe, hapa wanasema mnyama mvumilivu wa jangwani. Nimeweka ngamia, hakai."

"Umemwandika kwenda chini. Yeye anakwenda kulia."

"Ndiyo maana mke wangu anasema nimezeeka."

"Mkeo ana huruma. Mimi ningesema zaidi."

Neno likinishinda siliandami. Naenda kwenye maneno yanayolikata, kila moja linaliachia herufi, mwisho lenyewe linajitokeza. Mume wangu alipofariki, kazi hiyo ilinituliza. Ndipo nikaipeleka kwa watoto. Nachora miraba kwa mkaa kwenye mfuko wa saruji uliopasuliwa, naandika maneno ya wimbo, mengine nayaacha wazi, nao wanayajaza huku wakiimba. Neno ambalo mtoto amelijaza kwa mkono wake halimtoki tena.

Mwaka mmoja, Kwaresima ikielekea mwisho, mama yake Methusela alirudishwa kutoka hospitali ya Igogwe, kwa kuwa uzee hauna dawa. Jina lake Anyosisye. Ndiye aliyetufundisha nyimbo sisi sote tulipokuwa wadogo, kabla yangu mimi.

"Mama ana ombi," Methusela aliniambia. "Jumapili uwalete watoto wamwimbie ule wa Pasaka. Amesema uwe mzima, usipungue kitu. Anataka kuusikia kabla hajaondoka."

Wimbo wenyewe ni wa Kinyakyusa. Alfajiri ya Pasaka tunauimba makaburini, tumeelekea mashariki, ukungu bado umelala juu ya mashamba ya chai. Nikauchora wote kwenye mfuko wa saruji. Watoto walikuwa wanajaza vizuri, mpaka Jenifer, binti mmoja asiyependa kuacha kitu wazi, akainua mkaa.

"Mama, na hapa tunapoguna naandika nini?"

"Wapi?"

"Hapa. Tukishasema jiwe limeondolewa, amkeni mkapokee. Halafu tunaguna."

Nikaimba ili nimwonyeshe. Nilipofika pale mdomo wangu ukajifunga wenyewe: mm-mm-mm-mm. Nikaimba tena, ukajifunga tena. Tangu utoto nilidhani ndivyo sauti ya wimbo inavyokwenda. Wazee wa kanisa wanaguna hapo, akina mama wanaguna, hata mchungaji aliyetoka mkoa mwingine anaguna kwa bidii, akidhani ni desturi ya Wanyakyusa. Kumbe tunaambiwa tuamke tukapokee, na hatusemi tukapokee nini.

Niliwauliza wakubwa wote niliowafikia. Wote waliguna. Waliojifunza kwa mtu mwingine, si kwa Anyosisye, walikuwa wameshafariki.

Basi nikafanya kama kwenye gazeti, nikaliacha neno, nikatazama kinachokatiza. Kilichokatiza ni mtu mmoja, Anyosisye. Yeye alifundishwa wimbo huo akiwa msichana misheni, bila shaka na neno lake. Akaolewa, ndipo akaanza kutufundisha sisi, na neno halipo. Ni nini kinachomfunga mdomo mwanamke akiolewa?

Kwetu mwanamke hamtaji baba mkwe wake. Hakutani naye njiani. Akimwona kwa mbali anaingia kwenye migomba, anainama mpaka apite. Na kama jina la mkwe ni jina la kitu, basi kitu hicho atakitafutia jina jingine, au atanyamaza. Wangu mimi simtaji hadi leo, na hapa pia sitamtaja.

Nikaenda dukani.

"Methusela, baba mzaa baba yako aliitwa nani?"

"Babu? Lusekelo. Alipewa siku ya ubatizo. Kabla ya hapo alikuwa na jina kama la fahali. Kwani lipo kwenye gazeti?"

Nikakaa juu ya gunia la chumvi. Kwa Kinyakyusa, lusekelo ni furaha. Amkeni mkapokee furaha. Pasaka baada ya Pasaka tumesimama juu ya wafu wetu, nami juu ya mume wangu, tunamwambia Mungu asante kwa kuguna. Na hayo yote yametokana na mke mmoja kijana aliyeogopa kumvunjia heshima baba wa mumewe.

Nilipomweleza, Methusela aliacha kupima sukari.

"Si babu amekufa zamani?"

"Kwa mama yako hajafa. Umewahi kumsikia akisema amepata furaha?"

Akafikiri. "Anasema moyo wake umekuwa mweupe. Siku zote anasema hivyo. Hata siku ya harusi yangu."

Sikuona kosa la kumcheka mtu. Nilishikwa na hofu, kama nimefungua mlango nikakuta mwenzangu yuko magotini anasali. Mwanamke ameishi na neno hilo kinywani mpaka kuzeeka, asiliteme wala kulimeza. Sasa ameagiza wimbo uwe mzima. Watoto wakilitamka mbele yake, nitakuwa nimemvua kitambaa kichwani akiwa kitandani. Wakiguna, nitakuwa nimemnyima alichoomba, na hataomba tena.

Niliomba Mungu, nikaamua. Watoto wajifunze neno walitamke Pasaka, lakini mbele ya bibi wagune.

Jumapili mvua ilitukuta njiani, tukafika na matope mpaka magotini. Anyosisye alikuwa ameegemezwa mito, kitambaa chake kimefungwa vizuri. Methusela alisimama mlangoni. Watoto wakaimba. Jiwe likaondolewa, tukaambiwa tuamke, na pale wakaguna kama nilivyowaagiza.

Bibi akainua mkono.

"Hapo pana neno."

Watoto wakanitazama.

"Tunajua, mama," nikasema. "Tumekuheshimu."

"Nilisema uwe mzima."

"Ulisema. Tukaogopa."

"Hata mimi naogopa," akasema. Akapumzika, akatafuta pumzi. "Lakini ninakokwenda nitamkuta, mwanangu. Na huko sijasikia kama kuna migomba ya kujifichia. Ataniuliza, wewe mke wa mwanangu, mbona hujawahi kuniita? Nitasema nini?"

Akashusha kitambaa mpaka kwenye nyusi, kama wanavyofanya mabibi harusi wakipita mbele ya wakwe. Kisha akasema polepole, kama mtu anayebisha hodi, "Lusekelo."

Mvua ilikuwa inapiga bati, lakini kila mmoja alisikia. Methusela alivua kofia. Mimi nilijua kwamba Mungu yumo chumbani humo, karibu kuliko ukuta. Bibi mwenyewe alikuwa amefungua macho, ananisikiliza mimi na nyumba na mvua, kama anangoja mtu amkemee. Hakuna aliyemkemea.

Akakipandisha kitambaa. Akaanza kugonga mbao ya kitanda kwa kidole, kwa mapigo yale yale aliyotufundishia.

"Haya. Tangu mwanzo, na mimi nimo."

Tukaimba. Sauti yake ilikuwa nyembamba, lakini ilifika pale kabla yetu, ikalisema neno lote, na watoto wakalisema naye kwa nguvu. Mdomo wangu mimi ulijifunga, ukaguna.

Akasimamisha wimbo. Akanigeukia.

"Mama Tulinagwe, mtu mzima wewe. Wanao wote wamepita, umebaki nyuma peke yako."

Watoto wakacheka, naye akacheka mpaka akakohoa, na Methusela akaja kumshika mgongo. Alipopata pumzi aligonga mbao tena, akaniambia nianze peke yangu.