Bwana Samaki Alisema Monojenea

Kama Bwana Samaki angefunga mdomo wake siku ile, au angeufungua mpaka mwisho, nisingekuwa na ugomvi naye. Aliufungua nusu, akaniachia mimi ile nusu nyingine nihangaike nayo.

Alikuja sokoni asubuhi, soko limefurika. Mimi nimepanga perege wangu mezani, wengine wazima bado wanachapa mikia ndani ya beseni. Nasema wangu, lakini walikuwa wa wifi, mke wa kaka yangu. Bwawa lipo nyuma ya nyumba yetu, alilichimba yeye, anawalisha yeye. Yeye anafuga, mimi nauza, na nyumba nzima inakula kutoka humo: kaka, watoto, mama yetu, na kila ndugu anayepita kusalimia akajikuta amehamia.

Bwana Samaki ni ofisa wa uvuvi, ndivyo tunavyomwita sote. Akamshika perege mmoja, akamfunua shavu, akakwangua matamvua mekundu anayopumulia kwa ncha ya kisu. Akaweka kile alichokwangua kwenye kipande cha kioo, akakitazama kwa lenzi. Kisha akatangaza, kwa sauti ya mtu aliyezoea kusemea ukumbini, "Hawa wana monojenea."

"Wana nini?"

"Monojenea. Ni istilahi ya elimu ya wanyama."

Simu yake ikalia. Akapanda pikipiki huku anaongea, akatokomea, kama mtu aliyetupa kiberiti kwenye majani makavu akaenda zake kunywa chai.

Mbele yangu anakaa muuza nyanya. Tunamwita Redio, na hachukii. Mimi mwenyewe nampenda, maana asubuhi bila umbea wa Redio ni kama mboga bila chumvi. Lakini siku ile nilitamani betri zimwishie.

"Shoga," akapaza sauti, wateja wote wanamsikia, "hiyo si ndiyo ile inayoingia kwenye kizazi?"

"Nani kakwambia?"

"Hulisikii jina lenyewe? Jina kama hilo haliwezi kuishia tumboni tu."

Fundi viatu akadakia kwamba mtaa wa pili kuna mtu alikatwa mguu kwa hiyohiyo. Mguu! Kwa kula samaki! Nikamuuliza mtu huyo anaitwa nani, akasema hamjui ila anamjua aliyemwona.

Kufika mchana neno limeshakuwa la soko zima. Muuza mkaa akizidisha bei anaambiwa aache umonojenea. Mlevi mmoja aligoma kuinuka kwenye benchi la mama chai, watu wakasema, "Mwacheni, monojenea limeganda hilo!" Mbavu ziliwauma kwa kicheko. Hata mimi kicheko kilinibana, kwa sababu yule mlevi kweli huganda. Kisha mteja wangu wa siku zote, mama ambaye watoto wake nawajua kwa sura na kwa tabia, akaja na mfuko wa samaki alionunua kwangu saa ileile.

"Dada, nisamehe. Mume wangu kasema nikiwapika hao, nisirudi na sufuria ndani."

Nikampokea. Hata mimi sikujua ni kitu gani nimemuuzia.

Jioni akaja Mwenyekiti wa soko. Naye anauza samaki, ana meza mbili na tangi kubwa jeusi la plastiki nyuma ya stoo. Tangi hilo ndilo fahari yake. Samaki wazima wanaobaki jioni, sote tunawamwaga humo pamoja. Kila muuzaji huwakata wake pezi kwa alama yake, asubuhi anawachota akauze, na wakizidi anawarudisha bwawani kwake. Tumefanya hivyo tangu tangi lilipoletwa, na kila mgeni wa soko lazima apelekwe kulitazama.

"Dada yangu," akasema, na akiniita dada yangu najua hapana heri, "soko litakufa kwa ajili yako. Wifi yako alikaushe lile bwawa, samaki wafukiwe kwa chokaa. Kesho nikisikia bado wapo, meza hii naing'oa."

"Samaki wa wifi peke yake?"

"Kwani Bwana Samaki alimtaja mwingine?"

Nilirudi nyumbani hasira imenijaa mpaka masikioni. Nikamkuta kaka uani, naye kavimba. Ni seremala, na kwenye karakana yao wapo wanaume ambao kazi yao ya pili ni masihara.

"Leo nimeitwa baba monojenea," akasema. "Mtu anapiga randa, anacheka. Bwawa nalikausha."

Wifi alikuwa anaosha vyombo. Hakugeuka. "Bwawa ni langu."

"Aibu ni yangu!"

"Basi jikaushe wewe."

Mama alitaka kucheka, akameza. Kaka akapiga ukuta teke. Nikamwambia, "Kaka, ngoja. Kesho nakwenda ofisini kwa yule bwana, aniambie ni kitu gani hicho. Akisema wafukiwe, mimi mwenyewe nitashika jembe."

"Nimesikia," akasema kaka. Nami, kwa ujinga wangu, nikadhani amekubali.

Asubuhi nikabeba ndoo yenye perege wawili hai, nikaingia ofisini kwa Bwana Samaki bila hodi. Salamu sikutoa. Alikuwa anapuliza chai.

"Mama, karibu u..."

"Hii ni nini?" Nikaitua ndoo juu ya meza, maji yakaruka. "Uliloliacha jana sokoni ni nini? Watu wanasema linaingia kwenye kizazi. Wanasema linakata miguu. Kuna wanaolitumia kama tusi. Wewe ndiye uliyelileta, kaa chini ulimalize!"

Nitamsifu kwa hili: hakuniletea ubwana mkubwa. Aliweka kikombe chini.

"Linakata miguu?" akauliza.

"Mguu mmoja, mpaka sasa."

"Mama, monojenea si ugonjwa. Ni jina la kundi zima la wanyama, kama unavyosema ndege. Ukisema ndege, njiwa yumo na tai yumo. Hawa ni minyoo bapa, midogo mno. Mingi hukaa kwenye ngozi na matamvua ya samaki, na huku nyuma ina vindoano vya kujishikizia. Ikiwa michache, samaki anaishi nayo tu. Ikizidi ndani ya bwawa, samaki wanakosa pumzi, wanakufa. Hasara ni ya mfugaji."

"Na anayewala?"

"Mlaji hana shida. Haiishi kwa mtu. Na matamvua si mnayatupa? Samaki si mnampika?"

"Kwa hiyo hawafukiwi."

"Wafukiwe kwa nini? Wanaogeshwa maji ya chumvi, bwawa linapunguzwa msongamano. Nani kasema wafukiwe?"

Nikahisi kichwa kinachemka. "Kwa nini hukuyasema haya jana?"

"Simu iliita." Akaona uso wangu, akaongeza haraka, "Na nilidhani mmeelewa."

"Tumeelewa! Unatamka jina ambalo hata mate hayajalizoea, unaondoka, halafu tumeelewa! Ungesema tu 'wana viminyoo kwenye matamvua, kuleni bila wasiwasi,' ungepungukiwa nini? Cheo?"

Nami nikavuta pumzi, kwa sababu lilikuwapo swali jingine.

"Vimeingiaje kwa wifi? Anabadilisha maji, anawalisha vizuri."

"Jina lenyewe linakueleza. Maana yake ni kama kusema kizazi kimoja. Wapo minyoo wengine ambao lazima wapite kwanza kwa konokono, pengine na kwa ndege, ndipo wakamilishe maisha yao. Hawa hawana mzunguko huo. Wanatoka kwa samaki huyu wanakwenda moja kwa moja kwa samaki mwingine. Wanachohitaji ni maji ya pamoja tu. Kwani mnawachanganya wapi?"

Nililiona tangi jeusi mbele ya macho yangu, na sote tumeinama jioni tunamwaga beseni zetu humo, kila mtu na alama yake ya pezi, tunajiona wajanja kweli.

"Jana meza za wengine ulizikagua?"

Akakuna shingo. "Ya kwako ndiyo iliyokuwa karibu na pikipiki."

Nilimshika mkono wa shati. Mpaka leo anasema nilimvuta. Mimi nasema nilimsindikiza.

Tulifika sokoni, nikaenda moja kwa moja nyuma ya stoo. Nikachota samaki kwenye tangi, mmoja wa Mwenyekiti mwenyewe, pezi lake limekatwa pembe kama anavyowakata. "Mpime huyu." Akakwangua, akatazama, akatikisa kichwa kukubali. Nikachota wa jirani yake. Wamo. Wa yule mama anayejifanya samaki wake wanaogelea kwenye maziwa ya ng'ombe. Wamo tele. Watu walishajaa, Redio mbele kabisa, mikono kiunoni.

"Sema!" nikamwambia Bwana Samaki. "Panda juu ya kreti hilo useme kama ulivyoniambia. Na simu nipe mimi."

Akanipa. Akapanda, akasema yote, ndege na njiwa, vindoano, kizazi kimoja, chumvi. Sikumkatiza, ila kila alipotaka kuruka mahali nilikohoa.

"Ina maana tumekula hizo monojenea siku zote?" Redio akauliza.

"Kama mlikula matamvua," akasema Bwana Samaki.

"Mimi huwa nayanyonya!"

"Na kizazi chako kipo palepale," nikamwambia. "Una watoto saba. Kaa kimya."

Watu wakacheka, lakini mimi sikuwa na kicheko. Nilimgeukia Mwenyekiti. "Haya, kaka mkubwa. Chokaa iko wapi? Tuanze na tangi, au tuanze na bwawa lako?"

"Haya mambo ya kitaalamu, dada yangu..."

"Jana yalikuwa ya kitaalamu pia! Mbona jana uliyaelewa upesi?"

Akatazama viatu vyake. "Meza yako ibaki," akasema. "Hakuna wa kufukia. Yameisha."

Hayakuwa yameisha. Simu yangu ikaita, alikuwa mama, na nyuma yake nilisikia maji. "Njoo. Kaka yako anatoboa bwawa."

Bwana Samaki alinipakia kwenye pikipiki bila kuulizwa. Tulipofika uani, ukingo wa bwawa ulikuwa umechimbwa mpaka chini na maji yanamwagika kwenye bustani ya jirani. Katikati ya tope samaki walikuwa wamelala ubavu, midomo wakiifumbua na kuifumba. Kaka amesimama juu na jembe. Mfuko wa chokaa bado haujafunguliwa. Wifi alikuwa ndani ya tope mpaka magotini, khanga ameifunga kiunoni, anaokota kwa mikono miwili na kutupa kwenye beseni.

"Hawana ubaya!" nikapiga kelele. "Ni viminyoo vya samaki tu! Meza imebaki! Mwenyekiti amerudi nyuma!"

"Nani kasema hawana ubaya?" kaka akauliza.

"Huyuhuyu aliyesema mwanzo!"

Bwana Samaki akavua viatu, akaingia, akaitisha maji safi na chumvi. Mama akaleta chumvi yote ya jikoni. Majirani wakachungulia juu ya ukuta, nikawaambia anayetaka kuona aje na ndoo, asiye na ndoo aondoe kichwa. Wengine walikuja, sitawanyima haki yao. Nilimwona hata yule fundi viatu akikimbia na pipa.

Tuliokoa wadogo kwa wingi, maana walikuwa wamejikusanya kwenye kidimbwi kilichobaki. Wakubwa, wale wa kuuza, wengi walikufa mikononi. Wifi aliinua jike mmoja mnene, akamfunua mdomo kwa kidole. Perege jike hulea mayai mdomoni. Mdomo ulikuwa mtupu. Alikuwa ameyatema topeni kwa kukosa pumzi. Wifi akapiga magoti palepale, akaanza kupapasa tope kwa vidole, taratibu.

Kaka akashuka mguu mmoja. "Mke wangu, ningejua..."

"Usikanyage hapo."

"Mngeniambia mapema..."

"Wifi yangu alikwambia ungoje," akasema, bado anapapasa. "Hukungoja hata jua lipande. Ulimwamini kila mtu aliyekucheka, mimi ninayelala nawe hukuniamini." Hapo ndipo alipomtazama. "Tumia hilo jembe. Ziba."

Akaziba. Jua lilikuwa kali, udongo umelowa na mzito, na kila alipotia donge moja maji yalisukuma nusu yake. Hakuna aliyemsaidia. Nyumba ile haijawahi kukosa mtu wa kumpelekea mwenzake maji ya kunywa, lakini siku hiyo kaka alifanya kazi mpaka mwisho koo kavu, na hata mama hakuinuka.